Kwa nini Mchina anamwaga maji ya kwanza ya chai? Wajuzi njooni hapa

#1 Fundi_Marumaru (mleta uzi)

Wakuu, habari za muda huu.

Mimi nafuata marumaru Foshan, mkoa wa Guangdong. Duka lolote utakaloingia kule, kabla hujauliza bei bosi anakukalisha kwenye meza nene ya mbao yenye trei ya kupitisha maji, anawasha jagi la umeme, shughuli inaanza. Mambo ya kontena leo tuyaache. Kuna jambo moja linanisumbua.

Bosi anatia majani makavu kwenye kibakuli cheupe chenye mfuniko (wanakiita gaiwani). Anayatia mengi, si yale ya kijiko kimoja tulivyozoea. Anamimina maji yanayotokota, anafunika, anakaa kama pumzi mbili, halafu anaimwaga yote juu ya vikombe. Vikombe vyenyewe ni vya mafunda mawili, umemaliza. Kisha anashika kibanio, anavigeuza kimoja kimoja, chai yote inaishia kwenye trei na inayobaki anammwagia chura wa udongo aliyekaa pembeni. Rangi ilishakolea, harufu imejaa duka zima, na yote inaenda chini! Maji ya pili ndiyo tunakunywa.

Nimeuliza wenyeji. Mmoja kasema wanaosha vumbi. Mwingine kasema wanaamsha majani. Mwingine alicheka tu akanimiminia tena. Jibu ni lipi?

#2 Ngosha_Mjini

Hakuna siri hapo mkuu. Wanaosha dawa. Mashamba yanapigwa dawa za wadudu, na chai tangu inachumwa mpaka inaingia kwenye paketi haioshwi hata mara moja. Mchicha unaosha, chai usioshe? Uzi ufungwe.

#3 Mama_Sambusa

Ufungwe kwa jibu la #2? Thubutu! Mimi nimeshaweka kambi. Kwangu majani yanachemka asubuhi, mchana yanaongezwa maji, shemeji akija jioni yanaongezwa tena na tangawizi juu ili asijue. Leo nasikia kuna mtu anamwaga ile ya kwanza yenye nguvu zake zote. Mungu anawaona.

#4 Mkemia_Mtaani

@Ngosha_Mjini kwamba chai haioshwi kiwandani ni kweli, na hata hii yetu haioshwi. Hapo kwenye dawa ndipo umeteleza. Dawa nyingi za wadudu haziyeyuki kirahisi kwenye maji, zingekuwa zinayeyuka mvua moja tu ingemaliza kazi ya mkulima. Sekunde 5 za maji moto zitakuondolea vumbi na chengachenga, basi.

Na najua kuna atakayekuja na hoja ya kafeini, kwamba wanaimwaga ili walale usingizi. Nimjibu mapema. Kafeini inatoka taratibu, inataka dakika kadhaa ndani ya maji. Ukisuuza kwa pumzi mbili, sehemu kubwa bado iko kwenye majani inakusubiri usiku.

#5 Ngosha_Mjini

Kwa hiyo mkuu unatushauri tunywe vumbi?

#6 Mkemia_Mtaani

Nimesema vumbi linatoka. Soma taratibu.

#7 Mnyalu_Xiamen

Nipo Xiamen, Fujian, kwa masomo. Huku hata ukienda kuhamisha chumba, mwenye nyumba anakunywesha kwanza. Fundi, swali lako lina kasoro moja: umesema "Mchina" kana kwamba wote wanafanya hivyo. Ulichokiona ni gongfu cha, chai ya watu wa kusini. Chimbuko lake ni huku Fujian na kule Chaozhou, mashariki ya huo mkoa wako wa Guangdong. Wafanyabiashara wa Chaozhou wamejaa Guangzhou na Foshan, ndiyo maana kila duka unakutana na trei.

Nenda Hangzhou wakupe Longjing, chai yao ya kijani, uone. Wanatia majani kwenye glasi ndefu, maji yamepoa kidogo mpaka nyuzi kama 80, unakunywa huku majani yanaelea puani. Hakuna anayemwaga kitu. Yale ni machipukizi ya mwanzo wa majira ya kuchipua, ukisuuza umetupa utamu wote. Chengdu nako mtu anakaa kutwa na gaiwani yake moja, anainywea hiyo hiyo, mhudumu anapita kuongeza maji. Pale People's Park kuna nyumba ya chai ya Heming, ipo tangu 1923. Wanaosafisha masikio wanapita na vifaa vyao mezani huku wewe unakunywa.

Sasa kusuuza kunategemea chai ipi. Tieguanyin ya Anxi imeviringwa hadi kila jani likawa punje ngumu. Maji ya kwanza yanailegeza, ya pili ndiyo yanapata kitu cha kutoa. Pu'er ya Yunnan imeshindiliwa mkate na imekaa stoo miaka, hiyo wengine wanasuuza hata mara mbili. Kwa hiyo aliyekwambia "kuamsha majani" ndiye aliyesema kweli.

#8 Mama_Sambusa

Naomba kurudi kwenye wanaosafisha masikio.

#9 Njombe_Baridi

Nimefanya kazi kiwanda cha chai huku kwetu kabla sijaacha kwa sababu ya mshahara kuchelewa kila mwezi. Niongeze la kwangu.

@Mnyalu_Xiamen kuamsha majani sikatai, ila angalia chombo. Gaiwani ni kaure nyembamba, vikombe ni vidogo kupindukia. Kikombe cha funda mbili kikiwa baridi kinanyonya moto wote. Yale maji ya kwanza ni ya kupasha. Ndiyo maana bosi hakuyamwaga moja kwa moja kwenye trei, aliyapitisha kwanza kwenye vikombe. Fundi kaandika mwenyewe hapo #1.

Na huku juu ndiyo tunalijua hilo. Njombe maji yanachemka kwenye nyuzi 93 hivi kwa sababu ya mwinuko. Ukiyatia kwenye chombo baridi unabaki na maji ya kunawia. Oolong, yaani chai za aina ya hiyo Tieguanyin, inataka moto mkali, 95 kwenda juu.

#10 Mkemia_Mtaani

Hoja nzuri. Ila Kunming, mji mkuu wa hiyo Yunnan ya Pu'er, uko juu karibu sawa na Njombe na maji yao yanachemkia huko huko. Na chai wanakunywa, tena vizuri.

#11 Njombe_Baridi

Ndiyo, na wanasuuza mara mbili. Umenisaidia.

#12 Bint_Makadara

Salaam kutoka Mombasa. Nimewasoma nikaenda jikoni kujaribu. Nimetia majani yetu ya Kenya kwenye bakuli, nikamwaga maji ya kwanza, nikatia ya pili. Ya pili ilikuwa maji ya kuoshea masufuria. Wallahi mmenipotezea chai.

#13 Njombe_Baridi

Pole dada. Ile yetu na yenu karibu yote ni CTC: jani linasagwa, linachanwa na kuviringwa na mashine mpaka linakuwa chembe. Mashine yenyewe ilibuniwa Assam miaka ya 1930. Chembe inaachia rangi na ukali mara moja, ndiyo maana inapendwa kwa maziwa na kwa vile vifuko. Ukimwaga maji ya kwanza umemwaga chai. Jani la gongfu ni zima, likishafunguka unaona mpaka kingo zake. Linatoa kidogo kidogo.

#14 Mnyalu_Xiamen

Kuongezea hapo: vipimo vyao ni gramu 5 hadi 8 kwa chombo cha mililita 100 hivi. Maji yanakaa sekunde 10 au 15, unamimina mpaka tone la mwisho, unatia tena, kila mzunguko unaongeza sekunde kidogo. Oolong nzuri inakwenda mizunguko saba na zaidi, na kila mmoja una ladha yake. Wa tatu na wa nne ndiyo wanaupenda wengi. Kwa hesabu hiyo kumwaga mmoja si hasara.

#15 Jongwe_la_Pwani

Mnavyoipamba mtu atadhani ni kurusha roketi. Sanaa gani? Majani na maji. Mimi naona ni mbinu ya biashara: anakukalisha saa nzima, anakumiminia, unaona aibu kuondoka bila kununua. Fundi, sema ukweli, uliondoka bila kununua?

#16 Fundi_Marumaru

@Jongwe_la_Pwani hahaha, sikuondoka bila kununua. Ila kuhusu sanaa ngoja nikupe nilichokiona kwa macho. Bosi anashika gaiwani yenye maji yanayotokota kwa vidole vitatu: kidole gumba na cha kati kwenye ukingo, cha shahada juu ya kifundo cha mfuniko. Mfuniko anausogeza upande, unabaki upenyo mwembamba, anainamisha, chai inatoka kama uzi na hakuna jani hata moja linalopita. Anapiga stori huku anamwangalia mteja, haangalii mkono. Akasema nijaribu. Niliishika pale maji yalipofika, nikaiachia kwenye trei na kumwosha chura mzima mzima. Mke wake alicheka mpaka akatoka nje.

#17 Mnyalu_Xiamen

Ulijaza sana. Maji yasifike kwenye ukingo uliopanuka, pale ndipo pa vidole.

#18 Kigogo_wa_Kale

Nimechelewa lakini nimefika. Kuna mtu kwenye uzi mwingine alisema mambo haya Wachina wanayafanya tangu miaka 5000. Hapana.

Lu Yu, aliyeandika kitabu cha kwanza kinachohusu chai tupu, karne ya 8 enzi ya Tang, chai yake ilikuwa mkate uliokaushwa. Wanaubanika, wanausaga, wanauchemsha sufuriani na chumvi. Enzi ya Song wakasaga unga laini, wanautia kwenye bakuli jeusi la Jian kutoka Fujian na kuupiga kwa mchapo wa mwanzi mpaka utoe povu jeupe. Walikuwa wakishindana povu la nani linadumu. Mfalme Huizong mwenyewe aliandika kitabu cha chai mwaka 1107, anaeleza namna ya kupiga povu hatua kwa hatua. Mwaka 1127 Wajurchen, wavamizi kutoka kaskazini, waliuteka mji mkuu wakamchukua mateka. Povu alilijua kuliko jeshi.

Ndipo 1391 Zhu Yuanzhang, mwanzilishi wa Ming aliyekulia kwenye ufukara, akapiga marufuku mikate ya chai kupelekwa ikulu kama ushuru, akataka majani yaliyo huru. Kuanzia hapo birika likapata kazi. Wajapani wakabaki na unga wao mpaka leo.

Kwa hiyo kusuuza ni mambo ya juzi. Unga utausuuzaje?

#19 Mnyalu_Xiamen

@Kigogo_wa_Kale nakubali yote isipokuwa hiyo "juzi". Enzi hiyo hiyo ya Ming kulikuwa na chai ikiitwa Jie, ya milimani kati ya Changxing na Yixing. Waandishi wa wakati ule wanaelekeza isuuzwe kwa maji moto kwanza kwa sababu ilikuwa na mchanga. Hiyo ni miaka 400 na ushee.

#20 Ngosha_Mjini

MCHANGA. Nilisema nini #2? Kuosha!

#21 Mkemia_Mtaani

Ulisema dawa.

#22 Ngosha_Mjini

Uchafu ni uchafu.

#23 Mnyalu_Xiamen

Basi Ngosha ngoja nikuongezee ushindi. Wazee wa Chaozhou wana msemo kwamba maji ya kwanza ni jasho la miguu, ya pili ndiyo chai. Zamani kabla ya mashine majani yalikuwa yanaviringwa kwa kukanyagwa na miguu. Mzee mmoja jirani yangu hapa ukimwuliza kwa nini anamwaga anakuonyesha mguu wake. Yeye habari za kuamsha majani anasema ni maneno ya wauza chai wa televisheni.

#24 Mama_Sambusa

Nimeweka kikombe chini.

#25 Bint_Makadara

Na mimi nilishasema ile ilikuwa maji ya masufuria, kumbe afadhali.

#26 Jongwe_la_Pwani

Hii ya miguu ndiyo chai yenyewe 😂 Mnaleta stori za vijiweni.

#27 Kigogo_wa_Kale

Kukanyaga kwa miguu si stori, kulikuwepo kweli. Kama ndiyo sababu ya kumwaga, hilo ni jingine. Watu huwa wanafanya jambo kwanza, sababu wanaitafuta baadaye.

@Jongwe_la_Pwani lakini kwenye #15 hujakosea kabisa. Vile vikombe virefu vya kunusia, na mabinti wa hariri wanaozungusha mikono kama wanacheza ngoma, ni mambo yaliyokolezwa Taiwan miaka ya 1970 na 1980, yakarudi bara. Kale kabirika ka kugawia, ambako chai inamiminwa kwanza ili wote wapate ukali sawa, nako ni kageni. Mwaka 2022 UNESCO iliuweka ufundi wa chai wa China kwenye orodha ya urithi, na tangu hapo kila duka lina "bwana wa chai". Chaozhou yenyewe utakuta mafundi pikipiki wanakunywa mlangoni pa gereji na mikono ina grisi.

#28 Mnyalu_Xiamen

Ni kweli, na hao wa gereji ndio wenye mkono. Hawana kibirika cha kugawia. Vikombe vinapangwa vimegusana, mtu anamimina kwa kuzunguka, hatui kwenye kimoja. Wanaita "Guan Gong anakagua mji". Ikibaki kidogo anadondosha tone moja kila kikombe, "Han Xin anahesabu askari". Hao wote ni majenerali wa zamani. Matone ya mwisho ndiyo makali kuliko yote, ukiyaweka kwenye kikombe kimoja umempendelea mtu. Jongwe, jaribu kumimina vikombe vitatu hivyo, vitoke na rangi moja, halafu urudi hapa useme si ufundi.

#29 Fundi_Marumaru

Hapo kwenye vitatu! Kwa nini hata tukiwa wanne vinatoka vitatu? Mara nyingine nakaa nimekodoa macho nasubiri zamu.

#30 Mnyalu_Xiamen

Kila mtu na lake. Nimesikia kwamba vitatu vinakaa kama herufi yao yenye vinywa vitatu. Nimesikia kwamba birika dogo linajaza vitatu tu. Na ninayoipenda: kikipungua kimoja lazima watu waambiane "anza wewe", mkubwa na mgeni wapite mbele, na adabu ya mtu inaonekana hapo. Kila mzunguko vikombe vinaoshwa kwa maji yanayotokota ndipo mwingine anywe.

#31 Ngosha_Mjini

Wanaosha tena. Naandika tu.

#32 Mswahili_Muscat

Assalaam aleykum. Mmenikumbusha huku Oman na kahawa ya finjani. Kikombe kidogo, hakijazwi, na mwenyeji anaendelea kukumiminia mpaka ukitikise ndipo ajue umetosheka. Mgeni asiyejua anajuta. Kwa Wachina je, ukitosheka unafanyaje? Maana nilikaa na mfanyabiashara wa Guangzhou, kila nikimaliza anajaza.

#33 Mnyalu_Xiamen

Waaleykum salaam. Kiache kikombe na chai ndani, hatakijaza. Na unapomiminiwa, gonga meza kwa vidole viwili polepole, hiyo ni asante bila kukatiza mazungumzo. Wanasimulia kwamba mfalme Qianlong alitembea kijijini amejificha, akawamiminia watumishi wake chai, nao hawakuweza kusujudu wasimfichue, wakasujudu kwa vidole. Hadithi tu, lakini kugonga kupo, Guangdong yote. Kikombe hakijazwi: sehemu saba kati ya kumi. Ukijaza pomoni unamuunguza mtu vidole, na wengine wanaona unamfukuza.

#34 Bint_Makadara

Huku kwetu ukimletea mgeni kikombe nusu anakwenda kukutangaza mtaa mzima.

#35 Anko_wa_Shanghai

Tahadhari kwa wanaokwenda mara ya kwanza. Ukiwa maeneo ya watalii Shanghai au Beijing, wakija vijana wawili wenye tabasamu na Kiingereza safi, wanataka mwende "kuona sherehe ya chai", kataa. Mimi nilikwenda. Chumba kizuri, mapazia, dada anamimina vikombe vya kuonja, na alisuuza kama mlivyosema. Bili ilipokuja ilikuwa hela ya hoteli ya wiki nzima. Mlango umefungwa na jamaa mnene amesimama.

#36 Jongwe_la_Pwani

Nilisema biashara mkanibishia.

#37 Kigogo_wa_Kale

Bei za chai ni kichaa hata kwa waaminifu. Da Hong Pao ya ile miti mama ya mlima Wuyi, imebaki sita mwambani, gramu 20 ziliuzwa mnadani kwa yuan 208,000 mwaka 2005. Mwaka uliofuata wakaacha kuichuma. Na birika la udongo wa Yixing la fundi Gu Jingzhou lilikwenda zaidi ya yuan milioni 12 mwaka 2010. Udongo huo haupakwi vanishi, una vinyweleo, unashika harufu. Birika moja chai aina moja, na sabuni haligusi.

#38 Mama_Sambusa

Milioni 12, na halioshwi kwa sabuni. Ngosha upo?

#39 Ngosha_Mjini

Nipo. Sina maneno.

#40 Njombe_Baridi

@Fundi_Marumaru ukienda tena niletee gaiwani moja, ya kawaida, si ya milioni. Kuna shamba dogo huku wameanza kuviringa majani kwa mkono, nataka nijaribu na moto wa huku.

#41 Fundi_Marumaru

Poa, ila zipo za kila aina pale sokoni. Nichukue ipi?

#42 Mnyalu_Xiamen

Kaure nyeupe ndani na nje, uone rangi ya chai. Mililita 100 hadi 120. Ukingo uwe umepanuka kama mdomo wa kengele, ule ulionyooka utawaunguza. Mfuniko ujaribu kuuinamisha hapo hapo dukani, usicheze. Wakikwambia ni ya kale, rudisha mezani, chukua ya pembeni yake.

#43 Mama_Sambusa

Mbili, Fundi. Ya pili ya kwangu, nitalipia mbele. Shemeji anakuja Jumapili.